Mpamba wa Miaka Mitatu

Kabla jirani yangu hajakuamkia, alikuuliza, "Umesikia chochote?" Umetoka bombani na ndoo kichwani, umesikia chochote? Unafunga mlango uwahi kengele ya shule, umesikia chochote? Mwanzoni nilidhani mtu huyu anapenda umbea, nikawa namletea habari za mtaa, nani kaoa na ng'ombe wa nani wameingia shamba la nani. Alinisikiliza kwa adabu mpaka nimalize, kisha akasema, "Si hizo, Mwalimu. Za ofisini." Ndipo nikaelewa kwamba jirani yangu hatafuti umbea. Alikuwa anaogopa orodha.

Ilikuwa miaka ile soko huria limeingia, Bariadi bado iko Mkoa wa Shinyanga, na neno lililokuwa midomoni mwa watumishi wote ni redandansi. Serikali ilikuwa inapunguza watu. Pamba iliyokuwa ikinunuliwa na ushirika peke yake sasa ilinunuliwa na yeyote mwenye lori na mizani, na watu wakaanza kuuliza bila kuficha, mabwana shamba wote hawa wa nini tena? Yeye alikuwa bwana shamba wa pamba. Nyumba aliyokaa ilikuwa ya serikali, kama yangu, tumetenganishwa na ukuta mmoja, mbele ua wa minyaa. Jina lake likitokea kwenye orodha, kazi imekwenda na nyumba imekwenda. Alilijua hilo akilala na akiamka, na mimi nililijua naye, kwa sababu ukuta wetu ulikuwa mwembamba na nilimsikia akitembeatembea humo ndani kama mtu aliyepoteza kitu.

Kila mtu alimwita Bwana Shamba. Hata mkewe, mama mmoja mchangamfu aliyefanya biashara ya dagaa huko Nassa na kuja kwake kila mwisho wa mwezi, alimwita hivyohivyo. Nilikaa naye ukuta kwa ukuta miaka sita na sikuwahi kusikia mtu akimtaja jina.

Sasa, maua yake. Mtu akisema maua, wengi tunafikiria yale ya kuzunguka mlango, ya kimo cha goti, yanayokufa kiangazi kikikaza. Bwana Shamba hakuwa na hata moja la namna hiyo. Yake yalikuwa marefu, ya kudumu mwaka hadi mwaka: kana zenye majani mapana kama ya mgomba na ua jekundu kileleni, dalia za zambarau zenye vichwa vya ukubwa wa kisahani, na mengine ya njano ambayo hata yeye hakuyajua jina. Yote yalikaa kwenye vyombo. Madebe ya mafuta ya kula, ndoo za rangi, karai la zege lililotoboka, sufuria kubwa iliyoungulia harusini, na mbele kabisa karibu na ngazi, pipa lililokatwa nusu. Hakuna mzizi hata mmoja uliogusa ardhi ya nyumba ile.

"Bwana Shamba," nilimuuliza siku moja, "wewe msomi wa udongo, unapandaje kwenye madebe?"

"Udongo si wangu, Mwalimu. Debe ndilo langu."

Alikuwa amehamishwa vituo saba. Kituo cha kwanza alipanda ardhini kama watu wengine, na barua ya uhamisho ikamkuta maua yamechanua. Mwaka uliofuata akapita pale kikazi, akakuta aliyempokea nyumba amefuga mbuzi, na palipokuwa na maua pana kinyesi tu. Tangu siku hiyo akahamia kwenye madebe. Lori la uhamisho likija, alipakia maua kwanza, kitanda baadaye. Mkewe alikuwa akisema, "Mimi nakaa juu ya magunia na vumbi lote la Magu, kana inakaa mbele na dereva." Alisema kwa kucheka, lakini alikuwa anasema kweli, na siku nyingine hakucheka.

Kupanda kitu kirefu kwenye chombo kuna kazi yake, na yeye aliijua. Debe alilitoboa ubavuni, vidole viwili juu ya kitako, si chini kabisa, ili maji kidogo yabaki humo wakati wa kiangazi. Chini aliweka mawe ya mto, kwa sababu ua refu likipigwa na upepo wa Agosti linaanguka na debe lake. Udongo aliuchanganya mwenyewe kwa mikono. Ule mweusi wa mbugani peke yake ukikauka unapasuka na kubana mizizi, na ule wa kichanga, ambao Wasukuma tunauita luseni, hauwezi kushika maji. Kwa hiyo debe moja la mbuga, mawili ya luseni, na samadi ya zamani iliyokwisha kupoa. "Ukiona inatoa joto, ngoja," alisema. Shina aliliegemeza kwenye fito, akalifunga kwa vipande vya mpira wa ndani wa baiskeli, maana kamba inakata. Na debe likivimba mbavu, alijua mizizi imejaa; alilipasua, akagawa kana mara nne, tatu kwenye madebe mapya na moja ya kumpa mtu. Mara nyingi mtu huyo nilikuwa mimi.

Chombo cha dawa ya pamba hakukitumia kabisa. Hata debe ambalo muuzaji ameapa kwa Mungu kwamba lilikuwa la mafuta, alilijaribu kwanza kwa mchicha. Mchicha ukiota vizuri, kana inaingia. Mchicha ukinyauka, debe lilitobolewa kwa sururu, lisije likatekewa maji na mtu. Nimemwona akikagua mchicha huo mara tatu asubuhi moja, anainama, anaondoka, anarudi, utadhani mtu aliyepeleka mgonjwa hospitali.

Ndivyo alivyokuwa kwa kila kitu. Alifunga mlango, akafika barabarani, akarudi kuusukuma. Aliandika barua, akaifunga bahasha, akaifungua kuona kama ameweka tarehe. Pikipiki, chombo cha watu wa ofisini, ikipita mtaani alinyamaza katikati ya neno mpaka ipite. Mtu akimwambia, "Kesho tutaonana," alijibu, "Tusubiri kwanza." Wee, alinichosha! Kuna siku nilimfokea, nikamwambia Bwana Shamba, hata jua litakuchomozea wewe ukiwa bado unasubiri. Akaniangalia, akaniuliza kwa sauti ya chini, "Kwani umesikia nini?"

Sababu ya kutaka maua marefu ilikuwa hofu hiyohiyo. Alisema yanaficha mlango. Mtu akiwa barabarani asijue kama mwenyewe yupo au hayupo. Na kweli, majani ya zile kana yalikuwa pazia. Lakini jamani, mtaa mzima wa nyumba za bati na vumbi, halafu nyumba moja ina nyekundu na zambarau zinazochungulia juu ya minyaa! Mgeni akiuliza njia mjini aliambiwa, "Nenda mpaka kwenye maua marefu, halafu kata kushoto." Alijificha mahali panapoonekana kuliko pote Bariadi. Nilipomweleza hivyo alinuna siku mbili, na siku ya tatu nikamkuta anazipa maji kama kawaida.

Maji nayo yalikuwa vita. Kiangazi, mto ukikauka, watu tulichimba mchanga tukachota kwa kata, foleni toka alfajiri. Majirani walinung'unika kwamba Bwana Shamba anayanywesha maua wakati watoto wa watu wana kiu. Haikuwa kweli. Alioga akisimama kwenye beseni, na maji hayo ndiyo aliyoyagawa kwa madebe, kikombe kwa kikombe, dalia kwanza kwa sababu dalia haivumilii. Mimi niliyaona hayo, lakini sikuwahi kusimama kwenye foleni nikamtetea, na sababu ninayo.

Sababu yenyewe ni baba yangu.

Lazima nieleze kwa wasiojua pamba. Pamba ukiiacha baada ya kuvuna haifi. Inachipua tena, na hayo machipukizi ndiyo yanaitwa maotea. Funza wa pamba wanajificha humo, wanangoja shamba jipya. Ndiyo maana sheria ilisema kila mkulima ang'oe mabua yote na kuyachoma kabla msimu haujaanza, na bwana shamba ndiye aliyepita kukagua. Huyu mtu wangu, anayeogopa pikipiki, ikifika Septemba alikuwa mwingine kabisa. Alipanda baiskeli na mgambo wawili nyuma yake, akaingia shamba hadi shamba, na hakusikiliza la mtu. Mzee, mjane, mfiwa, wote sawa. "Funza haulizi una msiba," ndiyo ilikuwa kauli yake.

Mwaka nilipokuwa darasa la sita, kwetu Lingeka, wilaya ya Meatu, mama alivunjika mguu, na baba akashinda akimuuguza. Nusu ya shamba ikabaki haijang'olewa. Bwana Shamba akaja. Baba alilala siku mbili ofisi ya kata, chumba cha mgambo, kisha akarudishwa shambani ang'oe mbele yao. Siku hiyohiyo babu, yaani baba yake mama, alikuwa amekuja kumwona binti yake mgonjwa. Akamkuta mkwewe ameinama anang'oa mabua, mgambo wamesimama juu yake na fimbo. Kwa Msukuma, mkweo kukukuta hivyo ni afadhali angekukuta umekufa. Babu aligeuza baiskeli akarudi alikotoka. Baba hajalitaja jambo hilo mpaka leo, na mimi sikulisahau.

Nilipopangiwa Bariadi na kupewa nyumba ile, nilimtambua asubuhi ya kwanza. Yeye hakunitambua; angemjuaje mtoto aliyekuwa amesimama nyuma ya zizi? Alinikaribisha kwa debe la kana. Nikapokea kwa mikono miwili, nikasema asante, nikaingia ndani nikalia kwa hasira. Nilitaka kuitupa ile kana. Nikaipa maji badala yake. Miaka ikapita, tukawa majirani wa kuombana chumvi, na mimi sikumwambia neno. Kila nilipotaka kumpenda nilimkumbuka baba ameinama. Kila nilipotaka kumchukia nilimsikia anamwambia dalia yake, "Pole, mama, kesho utapata zaidi."

Ndipo ukaota mpamba.

Ilikuwa hivi. Ili kuzuia maji yasikauke haraka, alikuwa akifunika udongo wa pipa lile kubwa kwa uchafu wa kutoka kiwanda cha kuchambua pamba, pumba na nyuzi fupifupi, bure tu, magunia mawili kwa mwaka. Humo kulikuwa na mbegu nzima. Moja ikaota katikati ya kana. Mkulima yeyote wa Simiyu angeing'oa kwa vidole viwili akiendelea na mazungumzo, na Bwana Shamba kuliko wote. Hakuing'oa. Alisema ataitoa Septemba, siku ya sheria. Septemba ikafika, na wiki hiyo redio ikatangaza kwamba upunguzaji wa watumishi sasa unashuka mpaka wilayani. Aliishiwa nguvu, nadhani. Alikaa kwenye ngazi, akautazama ule mche, akasema, "Tusubiri kwanza."

Ukapita mwaka. Ukapita wa pili. Sisi tumezoea pamba ya kiunoni. Huu ulifika usawa wa dirisha, ukapita dirisha, ukafika kwenye bati. Shina likawa gumu kama la mti. Ulitoa maua karibu mwaka mzima, asubuhi ya kwanza rangi ya siagi, siku ya pili waridi, kisha ua linadondoka, na lingine linafunguka juu yake. Nilizaliwa kwenye pamba, nimevuna pamba mgongoni nina mdogo wangu, na sikuwa nimewahi kuona kitu kama kile. Alikuwa akiufunga kwenye fito kwa mpira wa baiskeli, akiangalia barabarani.

"Ung'oe basi," nilimwambia. "Wakiuona hao wa ofisini, jina lako litakuwa la kwanza."

"Najua."

"Sasa?"

"Mwalimu, nimeng'oa mingapi?" Akaenda kuchukua beseni.

Kwa hiyo tukawa wawili tunaoogopa. Nilisogeza madebe yangu mwenyewe, zile kana alizonipa, nikayapanga upande wangu wa ua ili mpamba usionekane kutoka barabarani. Sijui kwa nini nilimfanyia hivyo. Halafu baba akaandika kwamba anakuja, macho yanamsumbua, anataka kwenda hospitali, atakaa kwangu wiki moja. Baba akimtambua? Baba akiuona huo mpamba? Neno moja tu la mzee yule pale ofisi ya kilimo, na yule mtu amekwisha.

Baba alifika mchana. Sikupata hata nafasi ya kumwingiza ndani. Alisimama palepale mbele ya ua, macho yake mabovu yameuona mpamba kabla ya kuniona mimi. Akazunguka minyaa, akaingia uwanjani kwa watu bila hodi. Bwana Shamba akatoka.

"Mwadila," baba akamwamkia.

"Mwadila, mzee," akajibu, kwa ile lafudhi yake mbaya ya Kisukuma.

Hakumkumbuka. Nilikuwa nimesimama pale, nikaona wazi kabisa kwamba hamkumbuki. Mtu umemlaza ndani siku mbili, umemvunjia heshima mbele ya mkwewe, na humkumbuki! Baba alivuta tawi, akashika kitumba kimoja, akakiminya, akakipasua kwa ukucha. Kukatoka funza, wa waridi, mdogo. Akamweka kwenye kiganja, akamwonyesha.

"Bwana Shamba," baba akasema, "una mgeni."

Uso wa yule mtu ukawa kama majivu. Basi hapo ndipo nilipodhani baba atasema yote. Akamdondosha funza chini, akamkanyaga. Kisha akashika kitumba kingine. Bwana Shamba akasogea upande wa pili wa pipa, akaanza na yeye. Wazee wawili, wameuweka mpamba katikati, wanatafuta funza kitumba kwa kitumba mpaka jua likapinda, na maongezi yao yote yalikuwa, "Huku nimemaliza," na "Hapo juu umeruka kimoja."

Tulipoingia ndani nilimuuliza, "Baba, utasema?"

"Nimwambie nani, ng'wanone, mwanangu?" Alikuwa anavua viatu. "Nimelima pamba maisha yangu yote. Sikujua kumbe inataka kuwa mti."

Baba alinyamaza. Mimi ndiye niliyesema.

Mwezi uliofuata nilikwenda bomani kufuatilia barua yangu ya kupandishwa daraja. Karani wa masjala alikuwa rafiki yangu, mwanamke wa vituko, tukikutana hatumalizi. Tukaongea, tukaongea, na katikati ya kucheka nikasikia mdomo wangu unasema kwamba jirani yangu, Bwana Shamba mzima, ana maotea ya miaka mitatu mlangoni kwake, anayafunga kama mtoto. Karani alicheka mpaka akafuta machozi kwa khanga. Akasema nimletee mbegu. Nikarudi nyumbani. Je, liliponyoka tu, au lilikuwa limekaa ndani yangu tangu darasa la sita linangoja pa kutokea? Mungu anisamehe, sijui. Nilimwomba karani kesho yake asimwambie mtu. Akasema, "Nimwambie nani, kwani kuna anayejali pamba siku hizi?" Sikutulia. Kila pikipiki iliyopita sasa niliisikia mimi kabla yake.

Wiki tatu baadaye orodha ikabandikwa bomani, kwenye ubao wa matangazo. Jina lake lilikuwemo.

Alirudi saa nane mchana, akaegesha baiskeli, akayagawia maji madebe yote kama kawaida. Mimi nilijifungia ndani. Nilimwona dirishani. Alipomaliza, alichukua panga, akaukata ule mpamba kwa chini, akalichimbua shina na mizizi yake yote kutoka kwenye pipa, akarundika uwanjani, akachoma. Alisimama pale na fimbo akisukuma vipande vilivyobaki ndani ya moto, kitumba kwa kitumba, mpaka ikabaki majivu. Haikuwa hata Septemba. Wiki iliyofuata likaja lori, madebe yakapanda kwanza. Aliniachia kana tatu na dalia moja. Nilishindwa kumtazama usoni. Nilimwambia tu safari njema.

Yakapita miaka tisa ya kujiuliza. Maotea yakajaa mashamba ya watu, hakuna aliyekagua, kila mnunuzi anachukua pamba yake na kuondoka. Kila nilipopita kando ya shamba la namna hiyo nilimkumbuka. Halafu nikapangwa kwenda semina ya walimu Mkula, upande wa Busega, na mtu mmoja mezani akataja mzee mwenye maua marefu kwenye madebe. Nilijua kabla hajamaliza.

Nilikwenda alasiri. Kiwanja kilikuwa chao sasa, mkewe alikinunua kwa dagaa zake, chenye hati na miti ya mipaka. Na bado madebe! Yamepangwa kwa safu mpaka nyuma ya jiko. "Mwambie wewe, Mwalimu, labda atakusikia," mkewe alisema akinipa kigoda. "Ardhi ni yake, anaogopa nini?" Akaingia jikoni. Bwana Shamba alikuwa amekonda, shati limefungwa mpaka kifungo cha juu, lakini mikono ileile yenye udongo kwenye kucha. Alifurahi kuniona, na furaha yake ikanimaliza kabisa. Sikunywa hata chai.

"Ni mimi," nikamwambia. "Ni mimi niliyesema habari za mpamba wako. Nilimwambia karani wa masjala, wiki tatu kabla ya orodha. Na yule mzee uliyeua naye funza ni baba yangu, ulimlaza ofisi ya kata Lingeka, mama akiwa amevunjika mguu. Nimekuja kuomba msamaha, na sijui kama na wewe unapaswa kuomba."

Akasema, "Lakini ofisi walikuwa wameshaambiwa habari za mpamba."

"Nani aliwaambia?"

"Mimi."

Akanieleza. Kila mwisho wa mwezi bwana shamba alijaza fomu ya ukaguzi, nakala tatu, na kwenye fomu kulikuwa na sehemu ya maotea: idadi, mahali, hatua iliyochukuliwa. "Ningeandikaje hakuna, Mwalimu, na mche uko pale nautazama? Niliandika. Maotea, mche mmoja. Mahali, nyumba ya bwana shamba, Bariadi. Hatua iliyochukuliwa, bado. Kila mwezi, miaka mitatu. Ndiyo maana pikipiki zilinitisha. Nilijua wanakuja."

"Kumbe walikuondoa kwa hilo."

"Siku ya orodha nilidhani hivyo. Nikaenda kwa mkubwa wangu, nikamwambia najua kosa langu ni mpamba. Akaniuliza, mpamba gani? Akatoa faili langu anionyeshe kwamba sina kosa. Ripoti zote zimo, nimezikunja mwenyewe, zimebanwa kama nilivyozileta. Hakuna hata moja iliyofunguliwa. Siyo za miaka mitatu tu. Zote. Za kule Meatu pia."

Alikuna udongo uliokuwa kwenye kucha zake.

"Kwa hiyo baba yako," alisema. "Na wale wengine. Niliwalaza ndani, nikaandika, nikapeleka. Hapakuwa na mtu upande wa pili, Mwalimu. Mimi nilidhani kuna mtu."

Nilikuwa nimekuja na miaka tisa yangu ya hofu, na ya utotoni juu yake, na sasa sikujua niiweke wapi. Nililia. Yeye hakulia. Aliniacha mpaka nikatulia, kisha akasogeza kigoda chake karibu na changu.

"Huyo karani," akauliza. "Ulipomwambia, alifanyaje?"

Nilimkumbuka yule mwanamke akifuta machozi ya kicheko kwa khanga.

"Alishtuka," nikasema. "Alishtuka sana, Bwana Shamba. Aliacha kuandika. Aliniuliza mara mbili, maotea? Ya miaka mitatu? Mlangoni kwa bwana shamba?"

Akakaa wima.

"Ndivyo inavyotakiwa mtu akiambiwa maotea," alisema, akageukia jikoni akamwita mkewe aje asikie. Mama akatoka na mwiko mkononi, nami nikarudia yote toka mwanzo, mara hii nikaongeza kwamba karani aliangusha kalamu.